Somo: Kibarua anapodai mkataba, asikilizwe kwa njia ya haki



Katika vikao vyetu tunaulizwa mara nyingi: mtu akibeba mawe ya barabara mwezi wa kwanza, wa pili na wa tatu, bado ni kibarua tu? Sheria ina jibu, nasi tutalieleza. Lakini ugomvi wenyewe huanza siku orodha ya waliopewa mikataba inapobandikwa ukutani bila mtu kujua ilitengenezwa namna gani. Hapo wenyeji husema wakimbizi wa ndani wamewanyang'anya kazi, nao wakimbizi husema kazi imepewa kabila moja.

Sheria inasema nini?

Kode ya Kazi ya Kongo ni sheria namba 015-2002 ya tarehe 16 Oktoba 2002, iliyorekebishwa mwaka 2016. Inasema kwamba kibarua wa siku kwa siku akiisha kutimiza siku 22 za kazi ndani ya miezi miwili, kisha akaitwa tena kabla miezi hiyo miwili haijaisha, mkataba huo mpya unahesabiwa kuwa usio na kikomo. Tuhesabu pamoja. Mama aliyeanza kazi tarehe 1 Machi, akafanya siku 14 mwezi huo na siku 8 mwanzoni mwa Aprili, ametimiza 22. Akiitwa tena tarehe 20 Aprili, mbele ya sheria yeye si kibarua tena, hata kama hakutia saini karatasi yoyote. Lakini siku zake 22 zikiwa zimetawanyika katika miezi mitano, kanuni hii haimsaidii. Wengi husikia «siku 22» na kusahau hiyo nusu ya pili. Wanaenda kudai kwa ukali kisichokuwa chao, kisha wanarudi wakisema sheria ni ya matajiri.

Mwenye mkataba wa muda maalumu naye ana ulinzi wake: mkataba huo hauwezi kupita miaka 2, wala kurudiwa zaidi ya mara moja, isipokuwa kwa kazi za msimu na kazi nyingine chache. Tuongeze pia kwamba mkataba usio na kikomo si kazi ya maisha. Mwajiri anaweza kuuvunja akiwa na sababu ya kweli, lakini lazima aandike barua na kuitaja sababu hiyo ndani yake.

Haki katika kuchagua na katika kusikiliza

Tuseme mwajiri ana vibarua 40 na nafasi 10 tu za kudumu. Hata akichagua vizuri, watu 30 watabaki nje. Hao 30 wataondoka kwa amani au kwa hasira kufuatana na yale waliyoyaona. Je, vipimo vya kuchagua vilitangazwa mapema, tena kwa lugha wanayoielewa? Je, aliyekataliwa aliambiwa sababu na kupewa nafasi ya kujibu? Je, anayesikiliza malalamiko ni mtu mwingine, au ni yuleyule aliyepanga majina?

Swali hili la mwisho linawagusa viongozi wetu wa kambi. Kiongozi anayepeleka majina kwa kapita, na pengine kuachiwa kitu kidogo kwa kazi hiyo, hawezi kuwa mwamuzi wa orodha hiyohiyo. Hata akiwa mwaminifu, hakuna atakayemwamini. Afadhali kamati iweke watu wengine wa kusikiliza, wakiwemo wanawake na wenyeji. Katiba ya 2006, kifungu cha 36, inakataza mtu kuonewa kazini kwa sababu ya asili yake. Ulinzi huo ni wa mwenyeji na wa mkimbizi sawasawa.

Jina la kuazima

Jambo hili linatusumbua kuliko yote. Mtu amekimbia bila kadi ya uchaguzi, basi anaandikishwa kazini kwa jina la jirani mwenye kadi. Kwa muda mambo yanakwenda. Siku ya mikataba, siku zote zilizofanyika ziko kwa jina la jirani ambaye hakushika hata jembe. Tukimwacha achukue mkataba, tumemdhulumu aliyetoka jasho. Tukimfukuza kila aliyeazima jina, tumemwadhibu kwa kukimbia vita. Tunaona njia nzuri ni kuwasikiliza wote wawili pamoja na wale waliofanya kazi nao, kabla orodha haijafungwa. Wakati huohuo, aliyepoteza kadi aombe komini cheti cha kupoteza vitambulisho, aandikwe kwa jina lake.

Shauri linapelekwa wapi?

Mapatano yakishindikana kazini, pengine kwa msaada wa wajumbe wa sendika, mlalamikaji aende kwa mkaguzi wa kazi, yule tunayemwita inspekta. Shauri la mtu mmoja haliwezi kupokelewa mahakamani kabla ya kupita kwake kwa upatanisho. Mkaguzi huandika hati, iwe watu wamepatana au wamekataa. Hati ya kutopatana ndiyo inayofungua mlango wa mahakama. Kuna pia muda: miaka 3 kwa madai yanayotokana na mkataba, lakini mwaka 1 tu kwa mshahara usiolipwa.

Pale ambapo vita vimefunga ofisi hizo, wazee na kamati wanaweza kupatanisha, ila wasimlazimishe mtu kutia saini kwamba ameacha madai yake yote. Naye kibarua atunze ushahidi tangu siku ya kwanza. Daftari la shule linatosha: tarehe, kazi iliyofanyika, jina la kapita, pesa iliyopokelewa, na majina ya watu wawili waliofanya kazi naye siku hiyo.