Kunakili Kazi ya Mtu Bila Idhini

Wako wasemao: "Nikinakili nguo iliyochorwa kwa kompyuta sikuiba kitu, mwenyewe bado anayo." Natuitazame hoja hii kwa insafu.

Katika Second Life, dunia ya kubuni iliyofunguliwa na kampuni ya Marekani mwaka 2003, watu hutengeneza mavazi na majumba yasiyogusika, wakayauza kwa sarafu ya humo ibadilishwayo kwa dola za kweli. Mtengenezaji huweka sharti: kisinakiliwe, kisibadilishwe, kisipewe mwingine. Mwaka 2006 ikazuka programu iitwayo CopyBot, ikanakili umbo na sura ya vitu bila kujali sharti. Wenye maduka wengi wakafunga. Kampuni iliikataza, walakini kufuli kamili haikupatikana. Maana kitu hakionekani ila kitumwe kwanza kwenye kompyuta ya mtazamaji, na kilichomfikia aweza kukinasa.

Basi hapo imebaki dini ya mtu. Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu, lilipokutana Kuwait mwaka 1988, liliamua kuwa haki za utunzi na uvumbuzi zahifadhiwa na sharia, wala haijuzu kuzivamia. Kweli, nguo hakunyang'anywa; lakini amenyang'anywa wanunuzi wake. Na anayejitetea kwamba huu si wizi wa kukatwa mkono, na atuambie: je, dhulma zote zisizokatiwa mkono zimekuwa halali?