Jumla ya dalali yaweza kuficha hasara

WAFANYABIASHARA wanaofuata mchele na maharage Mbeya kwa ajili ya soko la Iringa mara nyingi hupewa na dalali bei moja ya mzigo mzima, nauli ya lori ikiwa ndani. Mzigo ukiisha na fedha ikazidi mtaji, mtu huridhika. Lakini ni zao lipi lililoleta faida?

Tuchukue mfano. Safari ya kwanza umeleta magunia 30 ya mchele na 10 ya maharage kwa Sh. 9,200,000. Safari ya pili, mchele 20 na maharage 20, Sh. 8,800,000. Bei za ununuzi hazikubadilika, na magunia yote ni ya kilo 100.

Waliopita sekondari watakumbuka njia ya kuondosha: unafuta zao moja ili lingine libaki peke yake. Zidisha safari ya kwanza yote kwa 2. Unapata mchele 60 na maharage 20 kwa Sh. 18,400,000. Toa safari ya pili. Maharage yanafutika, mchele unabaki magunia 40 kwa Sh. 9,600,000, yaani Sh. 240,000 kila gunia. Rudi safari ya kwanza: mchele ulikula Sh. 7,200,000, hivyo maharage 10 ni Sh. 2,000,000, au Sh. 200,000 kwa gunia.

Sasa tuseme Iringa uliuza mchele Sh. 260,000 na maharage Sh. 194,000. Kwa safari zote mbili mkononi una faida ya Sh. 820,000. Ukweli ni kwamba mchele ulileta Sh. 1,000,000, na maharage yakakula Sh. 180,000. Asiyepiga hesabu hii ataagiza maharage zaidi.

Si hesabu ngeni kwa watu wa nafaka. Kitabu cha Kichina cha miaka kama 2,000 iliyopita, Jiuzhang Suanshu, kinaifundisha kwa mafungu ya nafaka za madaraja tofauti.

Ila ina masharti. Gunia moja likiwa lumbesa na jingine la kawaida, jibu halina maana, pima kwanza. Tena uwiano wa mazao usilingane. Safari ya pili ingekuwa mchele 60 na maharage 20 kwa Sh. 18,400,000, ukitoa unabaki na sifuri pande zote. Hujajifunza lolote, maana dalali amekurudishia mzigo uleule mara mbili. Safari ijayo mwagize mchanganyiko mwingine.

Na kama kwa mzigo huo wa mara mbili angedai Sh. 18,700,000, mazao yote yangefutika na Sh. 300,000 zikabaki hazina gunia. Hapo ama bei ilipanda njiani, ama kuna mtu wa kuulizwa kabla lori halijaondoka Mbeya.