Jiwe katika panda ya muti: jua linaweza kungoja?



Somo la leo limetoka katika jambo lililotupata sisi wenyewe. Siku moja ya posho, wakati wa mvua, watoto watatu wa mwaka wa kwanza walienda kutafuta uyoga ng'ambo ya kijito. Jua likaanza kuinama. Badala ya kurudi, waliweka jiwe katika panda ya muti wa maembe, wakaendelea kuokota, kwani waliambiwa: "Ukifanya vile, jua litakungojea." Giza likawakuta penye kivuko. Mumoja akateleza juu ya gogo, akavunjika mukono. Tuliwapata na taa, wakilia.

Tulipowauliza nani aliwafundisha, walinyamaza, wakatuangalia. Ni siye wakubwa. Tuliwaambia ile maneno jioni moja katika nyumba ya kulala, kwa kuchezea tu. Basi somo hili ni deni letu.

1. Desturi yenyewe

Hatukuitunga sisi. Iko kwa Wazande, kaskazini ya inchi yetu upande wa Uele, na katika Sudani ya Kusini. Mwingereza Evans-Pritchard alikaa kwao katika miaka ya 1920, na katika kitabu chake cha 1937 alieleza namna msafiri anaweka jiwe katika panda ya muti ili jua lichelewe kushuka. Tusiwacheke. Mutu aliye mbali na nyumba, anayeogopa nyama wa pori na mito ya usiku, ana haki ya kutamani muchana.

Lakini tufikiri. Yule msafiri hakai chini ya muti kulinda jiwe lake. Anatembea, tena mbio. Akifika na mwangaza, anashukuru jiwe, kumbe ni miguu yake. Akichelewa, atasema jiwe halikuwekwa muzuri. Hivi jiwe halishindwe hata siku moja. Njo maana desturi haikufa.

2. Jua linaendaje?

Dunia inajizungusha digrii 360 kwa saa 24, maana yake digrii 15 kila saa. Penye ikweta ule mwendo ni karibu kilometa 1 670 kwa saa. Hapa Mutshatsha tunajua treni: nani amekwisha kuona treni inasimama juu ya jiwe lililowekwa katika muti? Na dunia je?

Ni kweli muchana unarefuka na kufupika. Sisi tuko kati ya digrii 10 na 11 kusini ya ikweta. Kwetu muchana wa mwezi wa 12 una karibu saa 12 na dakika 45, na ule wa mwezi wa 6 karibu saa 11 na nusu. Hii inatoka katika kuinama kwa dunia, haitoki kwa dawa. Watu wanaweza kupanga saa za mukono tu: kama ni midi kule Kinshasa, huku kwetu ni saa moja nyuma ya midi. Ile ni mapatano ya watu. Jua halikuulizwa.

3. Na Yoshua je?

Mwenzetu mumoja alituuliza hivyo, na ni ulizo zuri. Someni Yoshua sura ya 10. Yoshua hakufunga jua kwa kitu cha siri. Aliomba Mungu mbele ya Israeli yote. Na Maandiko yenyewe yanaonyesha kwamba siku ile haikuwa na mfano mbele wala nyuma. Tena angalieni mustari wa 9: kabla ya kuomba, yeye na watu wake walikuwa wametembea usiku muzima toka Gilgali. Hakuomba ili akae.

4. Namna ya kupima muchana

Nyoosha mukono mbele yako, kunja ngumi, uiweke kati ya jua na ukingo wa inchi. Usikaze macho juu ya jua. Ngumi moja ni karibu digrii 10. Kwetu ni karibu dakika 40. Ikibaki ngumi mbili na njia ni ya saa moja, ondoka sasa hivi, hata kama uyoga ni mingi. Jua likishuka, mwangaza unabaki karibu dakika 20 tu.

5. Sisi wakubwa

Na siye wa mwaka wa mwisho tuko na jiwe letu. Linaitwa "bado kuko wakati". Tunaliweka katika panda tangu mwezi wa 9, na egzamini ya serikali inakuja vilevile.

Mutoto aliyevunjika mukono ni wa kuume. Mupaka apone, tunamuandikia masomo katika kaye yake, kila mukubwa na siku yake. Tumemuomba musamaha mbele ya wenzake. Tunawaomba na ninyi.

Maulizo:
1. Dunia inajizungusha digrii ngapi kwa dakika 20?
2. Juu ya nini jiwe "halishindwe"?
3. Jiwe lako wewe ni gani?