Kuupenda Mwili Si Kuutelekeza

Swali: Nikiukubali mwili wangu mnene, je, sitabweteka na kupuuza afya?

Jibu: Hapana. Tafiti zinaonyesha kuwa wanaodhihakiwa kwa unene huelekea kukwepa mazoezi na hata kliniki; aibu haiponyi. Ni kweli, unene uliokithiri huongeza hatari ya kisukari na presha, na kujikubali hakufuti ukweli huo. Lakini anayeuthamini mwili wake ana sababu ya kuutunza. Shirika la Afya Duniani linawashauri watu wazima wafanye mazoezi ya wastani, kama kutembea haraka, angalau dakika 150 kwa wiki. Faida hupatikana hata uzito usipopungua: presha hushuka, moyo huimarika. Basi tembea, pima presha na sukari, wala usisubiri kukonda ndipo ujiheshimu.