Ngoma ya Jembe Katika Usukuma

Msomaji, neno "ngoma" ni chombo kipigwacho, tena ni mchezo wenyewe, tena ni mkutano wa wachezao. Katika Usukuma, kusini mwa Ziwa Viktoria, mambo hayo hayatengwi.

Tazama bugobogobo. Asili yake ni kazi ya shamba: wakulima husimama safu moja, ngoma hulia, nao huinua na kushusha majembe kwa mapigo yake huku wakiimba. Jembe likitua, neno nalo hutua. Basi ajifunzaye hafundishwi wimbo leo na hatua kesho. Mkono, mguu na ulimi huenda pamoja.

Baada ya mavuno, vyama vya Bagika na Bagalu, vilivyoanza karne ya 19, hushindana uwanjani, na ushindi ni wa wale wavutao watazamaji wengi. Manju mwenye sauti nzuri na maneno matupu, watu humhama.

Lakini plau imepunguza safu za majembe mashambani. Asipofundishwa shuleni, mtoto ataona jembe likirushwa juu asijue sababu yake.

Mwalimu na aanze uwanjani, si darasani. Watoto washike fimbo nyepesi, maana jembe katikati ya watoto arobaini ni hatari. Mpigaji aende polepole. Akiharakisha kabla maneno hayajashikwa, nusu yao watanyamaza wapate kuifuata miguu. Akiona hivyo, arudie mwendo wa kwanza.