Nipe Mji: Matembezi ya Fumbo katika Mji wa Kale wa Mombasa

Utangulizi

Mtegaji wa kitendawili aonapo kwamba hadhira yake imeshindwa kukitegua, hudai malipo. "Nipe mji," husema. Nao walioshindwa humtajia mji mmoja baada ya mwingine, naye hukataa huu na ule hadi atajiwe ule autamanio. Akiisha kuupokea hujigamba kidogo kwa mapokezi aliyoyapata huko, kisha ndipo atoapo jibu. Wanafunzi wa fasihi simulizi wameifahamu kanuni hii tangu shule ya msingi. Makala haya yanaigeuza: yanautazama mchezo ambamo anayefumbua ndiye apewaye mji.

Mchezo wenyewe ni matembezi ya fumbo. Mtembezi, peke yake au pamoja na wenzake wachache, huchukua kijitabu au simu yenye maelezo akaingia mjini bila mtu wa kumwongoza. Kila kituo kina kidokezo chake: mwaka uliochongwa juu ya mlango, idadi ya mizinga, jina la njia. Kidokezo kikifumbuliwa humpeleka kwenye kituo kifuatacho, na vituo vyote kwa jumla hufichua kisa kimoja, aghalabu mauaji, wizi au kupotea kwa mtu. Katika miji mingi ya Ulaya na Marekani mchezo huu umekuwa biashara, na visa vyake mara nyingi ni vya kubuni. Mji wa Kale wa Mombasa hauna haja ya kubuniwa kisa. Unacho cha kweli, chenye mfalme, kapiteni, kaburi na mashahidi walioapishwa. Na kidokezo chake cha kwanza kimechongwa juu ya mlango wa ngome.

Fumbo si kitendawili

Kabla ya kufika mlangoni hapo, yafaa vipera viwili vitenganishwe. Kitendawili kina jibu moja ambalo jamii imekwisha kulikubali. Atajaye "nyumba yangu haina mlango" hujibiwa "yai", na mjadala hufungwa hapo. Fumbo halifungiki hivyo. Maana yake imefichwa katika muktadha, na asiyeujua muktadha anaweza kuyaelewa maneno yote asiambulie kitu. Mashairi ya Muyaka bin Haji wa Mombasa, aliyeishi kati ya mwaka 1776 hivi na 1840, ni mfano bora. Mengi yao yalitungwa wakati wa uhasama wa Mombasa na mahasimu wake wa kisiasa, na msomaji asiyejua nani aligombana na nani hupita juu ya vijembe vikali akidhani ni habari za kawaida.

Matembezi mengi yaitwayo ya fumbo, kusema kweli, ni ya vitendawili tu. Mtembezi huulizwa mlango fulani una misumari mingapi; huhesabu, huandika, huondoka. Amepata namba, hajapata mji. Upungufu huu si wa mchezo, ni wa mtungaji.

Fasihi ya Kiswahili inatoa kielelezo kilicho bora zaidi. Muhammed Said Abdulla alipotoa Mzimu wa Watu wa Kale mwaka 1960, aliwaletea wasomaji Bwana Msa, mpelelezi ambaye wahakiki wengi wamemlinganisha na Sherlock Holmes. Katika riwaya hiyo mauaji yanatokea penye mzimu, na dhana iliyo karibu zaidi ni kwamba mizimu imehusika. Bwana Msa haikubali dhana hiyo kwa sababu tu imekwisha kusemwa. Huuliza ni nani anayenufaika ikiwa watu wataiamini. Swali hilo ndilo ambalo mtembezi wa Mombasa anapaswa kuliweka mfukoni.

Jiwe la mlangoni

Ngome ya Yesu, ambayo wengi huiita Fort Jesus, ilijengwa na Wareno kati ya mwaka 1593 na 1596 kwa ramani ya msanifu Mwitaliano, Giovanni Battista Cairati. Juu ya mlango wake pana maandishi ya Kireno ya mwaka 1639. Yanamsifu kapiteni Francisco de Seixas de Cabreira, aliyekabidhiwa ngome hiyo mwaka 1635 akiwa na umri wa miaka 27. Yanaeleza kwamba aliijenga upya, akawatiisha watu wa pwani walioasi chini ya mfalme wao dhalimu, akabomoa kuta za Pate na Siyu, akaiadhibu Pemba kwa kuwaua wakuu wake. Mfalme huyo dhalimu hatajwi jina. Hapo ndipo fumbo linapoanzia: kapiteni ametajwa jina, cheo na hata umri, ilhali mtu aliyesababisha jiwe lichongwe amebakizwa na tusi tu.

Jina lake ni Yusuf bin Hasan. Babake, Hasan bin Ahmad, alikuwa mfalme wa ukoo wa Malindi ambao Wareno waliupa Mombasa. Alikosana na kapiteni wa ngome, akakimbilia bara, na huko akauawa mwaka 1614. Kichwa chake kikapelekwa Goa. Mwanawe naye alipelekwa Goa, ila yeye akiwa hai. Alilelewa na watawa wa Mtakatifu Augustino, akabatizwa na kuitwa Dom Jerónimo Chingulia, na mwaka 1626 akarudishwa Mombasa kuwa mfalme Mkristo chini ya bendera ya Ureno. Mwezi wa Agosti mwaka 1631 aliingia ngomeni na watu wake, kapiteni Pedro Leitão de Gamboa akauawa, na baada yake Wareno wa mjini, pamoja na Waafrika waliobatizwa na kukataa kuiacha dini hiyo. Mwaka uliofuata Wareno walishindwa kuitwaa ngome kwa nguvu. Hata hivyo Yusuf aliiacha mwenyewe, akaingia baharini, akawa akiwashambulia kwa merikebu hadi alipofariki mwaka 1638. Jiwe lilichongwa mwaka mmoja baadaye.

Ni nani aliyefanya, basi, hakuna siri. Siri ni kwa nini. Mtembezi anayo majibu matatu mkononi, na kila moja lina mwenyewe. Jiwe linasema ni udhalimu. Kanisa, lililowaapisha mashahidi huko Goa ili waliouawa watambuliwe kuwa wafia dini, lilimwona kama mtu aliyeikana imani. Masimulizi mengine ya zama hizo yanadai kwamba mfalme alionekana usiku akizuru kaburi la babake na kuomba kwa desturi ya Kiislamu, kwamba kapiteni alipashwa habari, na kwamba mfalme alitambua atarudishwa Goa kushtakiwa. Linaloshangaza ni kwamba masimulizi hayo nayo yametoka upande wa Wareno. Hata utetezi wa Yusuf umehifadhiwa na maadui zake.

Hapa mtungaji wa matembezi ana uamuzi mzito wa kufanya. Akiweka jibu moja ukurasa wa mwisho, amelirudisha fumbo kuwa kitendawili. Akiacha kila jambo wazi, mtembezi atarudi nyumbani akidhani amedanganywa. Njia ya kati ni kumtaka mtembezi aamue ni shahidi yupi anayestahili kuaminiwa katika jambo lipi. Mathalan, jiwe la kapiteni linaweza kuaminiwa linapotaja miji iliyoadhibiwa, kwa sababu alijivunia adhabu hizo. Haliwezi kuaminiwa kwa uzito uo huo linapoeleza tabia ya mfalme.

Ndani ya ngome wapo mashahidi wengine wasioapishwa na mtu. Michoro ya merikebu na watu iliyochorwa ukutani na Wareno waliokaa humo imehifadhiwa, nayo haina majigambo ya jiwe. Ni kazi ya watu waliokuwa na muda mwingi wa kungoja. Kituo hiki kisipitwe haraka. Vitu vya merikebu Santo António de Tanná, iliyozama mbele ya ngome mwaka 1697 wakati wa mazingiwa ya Waomani yaliyodumu kutoka 1696 hadi 1698, ni vya kisa kingine, na mtungaji mwenye nidhamu atavipita hata kama vinavutia.

Ndia Kuu na milango

Atokaye ngomeni kuelekea mjini hukutana na njia iitwayo Ndia Kuu. Mwanafunzi wa Kiswahili ana nafasi hapa ambayo mtalii hana. "Ndia" ni "njia" kwa Kimvita. Lahaja hiyo ina "nd" mahali pengi ambapo Kiswahili sanifu kina "nj", kama katika "ndaa" kwa maana ya njaa na "ndoo" kwa maana ya njoo. Mgeni kutoka bara aitwaye na mzee kwa neno hili la mwisho anaweza kuanza kutafuta chombo cha maji. Kidokezo kilichotungwa juu ya jina la njia hii hakihitaji hesabu ya misumari, kinahitaji sikio.

Hapakosekani majengo ya kusoma. Msikiti wa Mandhry husemwa kuwa ulijengwa yapata mwaka 1570. Kama ndivyo, ulikwisha kuwapo kabla ya ngome, na siku ile ya Agosti 1631 ulikuwa umesimama pale pale. Katika matembezi yanayotafuta shahidi aliyekuwapo, hakuna kituo kinachofaa zaidi. Asiye Mwislamu atautazama kwa nje, na vidokezo vitungwe kwa kuzingatia hilo.

Milango ya nakshi huvutia macho, lakini mingi ni ya karne ya 19 na haikuona lolote katika kisa hiki. Matumizi yake ni mengine: humfundisha mtembezi kusoma miaka ya Hijria. Palipochongwa mwaka, namba hiyo huzidishwa kwa 0.97 kisha ikaongezwa 622. Mwaka 1300 wa Hijria, kwa hesabu hii, ni 1883. Kwa hakika ulianza Novemba 1882, kwa hivyo mtungaji asidai usahihi wa mwezi. Vidokezo vya jinsi hii hudumu, kwa kuwa mbao na mawe hayahami. Vile vilivyotungwa juu ya rangi ya ukuta au kibao cha duka hufa siku mwenye duka apakapo rangi upya.

Wenyeji

Liko lalamiko ambalo matembezi haya hayawezi kulikwepa. Mji wa Kale ni makazi. Watu hulala, hupika na huanika nguo nyuma ya milango ile ile ambayo mtembezi huikodolea macho akiwa na kijitabu mkononi. Tena wapo watembezaji wageni ambao riziki yao ni kuusimulia mji, na mchezo usiohitaji kiongozi unawapita kando. Wanaotetea mchezo husema kwamba mtembezi huona zaidi akiwa peke yake. Huenda huona zaidi. Kusikia ni jambo jingine. Kitendawili hakijapata kutegwa na karatasi. Humhitaji mtegaji aliye hai, anayecheka jibu lisipofaa na anayejua mwenziwe amekaribia.

Marekebisho yake si magumu. Angalau kidokezo kimoja kati ya vitano kisifumbulike ila kwa kuzungumza na mtu: baada ya salamu, kumwuliza mzee aliyeketi barazani sababu ya kisiwa hiki kuitwa Mvita. Mmoja atasema ni kwa ajili ya vita vyake. Mwingine atamtaja Shehe Mvita, ambaye mapokeo humhesabu kuwa mwasisi wa mji. Wa tatu atalitoa katika "kufita", yaani kuficha. Mtembezi akipewa majibu mawili na watu wawili katika baraza moja, asifadhaike. Aandike yote mawili na majira ya mchana aliyoyapata. Mtembezaji wageni naye aweza kuwa kituo cha mwisho, alipwe haki yake, asikilize hukumu ya mtembezi juu ya Yusuf na kuipinga.

Zoezi

Wanafunzi wajigawe wawili wawili. Kila jozi itunge kidokezo kimoja cha sentensi zisizozidi tatu, kitakachomfikisha mtembezi kwenye jiwe la mlangoni na kumfanya agundue kwamba pana jina lisilotajwa. Maneno "msaliti", "shujaa" na "mwasi" yasitumike. Kisha jozi zibadilishane vidokezo, na itakayoshindwa kufumbua itoe mji.