Kipeuo cha Pili na Jibu la Uongo

Watoto, mnajua ya kuwa 4 mara 4 ni 16. Kwa hiyo kipeuo cha pili cha 16 ni 4. Tunaandika hivi: √16 = 4.

Mzee mmoja wa Kasuku alitaka kupanda michikichi. Akamwambia mwanawe kwa fumbo: «Mwanangu, nimekwisha kulipa miche kadha wa kadha kule Alunguli. Kesho nitaongeza 6, na kuvuka Lualaba nayo yote kwa mtumbwi. Tutaipanda katika mraba. Kila mstari utakuwa na miche iliyopungua kwa 6 kuliko ile niliyolipa kwanza. Chimba mashimo, nikifika yawe tayari.»

Miche ya kwanza tuiite x. Miche yote ni x + 6. Basi:

√(x + 6) = x − 6

Ili tuondoe alama ya kipeuo, tuzidishe kila upande kwa upande wenyewe:

x + 6 = x² − 12x + 36

Tuhamishe yote upande mmoja:

x² − 13x + 30 = 0

Tutafute hesabu mbili: zikizidishwa zitoe 30, zikijumlishwa zitoe 13. Ni 10 na 3.

Kijana akapenda 3, maana kazi yake ni ndogo. 3 na 6 ni 9. Akachimba mashimo 9, akapumzika. Kesho yake baba akashusha miche 16! Miche 7 ikakosa shimo, jua likaiunguza.

Kijana alikosa wapi? Hakupima majibu yake. Tupime sisi:

Kwa 10: √16 = 4, na 10 − 6 = 4. Ni sawa.
Kwa 3: √9 = 3, lakini 3 − 6 = −3. Si sawa.

Jibu la uongo liliingia tulipozidisha. 3 mara 3 ni 9, na −3 mara −3 ni 9 vilevile. Hapo tofauti yao hufichwa. Lakini √9 ni 3 tu, si −3.

Shikeni neno hili: ukiondoa kipeuo kwa kuzidisha, rudi kwenye mstari wa kwanza, ulipime kila jibu.

Maulizo. Tafuta x, kisha pima:
1. √(x + 7) = x − 5
2. √(x + 4) = x − 2
3. Katika kila hesabu, jibu la uongo ni lipi?